Nainativu, Nagadipa, Haarlem: kisiwa kimoja kidogo, jina lake limetoka wapi?

#1 Mpenda Ramani
Habari zenu wanajukwaa. Tazameni kaskazini kabisa mwa Sri Lanka, pale Rasi ya Jaffna inapoikaribia India. Upande wake wa magharibi vimetawanyika visiwa vya Watamil, na vingi vyao vina majina yanayoishia na "-tivu", yaani kisiwa: Karaitivu, Eluvaitivu, Analaitivu, Punkudutivu, Neduntivu. Kati ya hivyo kimo Nainativu, kisiwa tambarare ambacho ukubwa wake haufiki kilomita za mraba 5, chenye wakazi elfu chache, hekalu kubwa la Kihindu na, mwendo mfupi kutoka hapo, hekalu la Kibudha.

Watamil hukiita Nainativu. Wasinhala, walio wengi zaidi nchini humo, hukiita Nagadipa. Waholanzi walipofika karne ya 17 walikiandika Haarlem. Makala nyingi nilizosoma hurudia kwamba Nainativu ni Nagadipa ileile iliyopita kwenye ndimi za Watamil, kwamba "naga", yaani swila, ndiye aliyegeuka kuwa "naina". Mimi napinga. Dai langu ni kwamba haya ni majina mawili yenye asili mbili yaliyokutana juu ya kisiwa kimoja, na kwamba Nagadipa inayotajwa katika vitabu vya kale haikuwa kisiwa hiki. Karibuni mnibomoe.

#2 Baharia Mstaafu
Nimefika huko, kwa hiyo nianze na njia kabla ya majina, maana wengi watabishana bila kujua kisiwa kimekaaje. Ukitoka mji wa Jaffna unapita kwenye tuta refu la barabara lililokatisha maji hadi kisiwa cha Velanai, kisha tuta jingine linakupeleka Punkudutivu. Pande zote mbili maji ni mafupi kiasi kwamba wavuvi husimama ndani yake wakikagua nyuzio zao, miti na nyavu zikiwa zimepangwa kwa mistari mirefu inayopinda, na kwa mtu wa Tanga kama mimi uvuvi huo hauhitaji mkalimani. Barabara inakwisha kwenye gati la Kurikadduwan. Hapo unaingia kwenye boti lenye tumbo kubwa, unateremka ngazi fupi hadi ndani, unabanwa katikati ya akina mama wenye vikapu vya maua na nazi na mahujaji wa Kibudha waliovaa nyeupe, na kabla hujaizoea harufu ya dizeli umeshafika. Ni dakika 15 au 20 tu.

Kwenye gati la Nainativu mahujaji hugawanyika, hawa wanaingia kwa mungu wa kike Nagapushani Amman, wale wanakwenda kwenye hekalu la Kibudha. Wanaume wanaoingia kwa Amman huvua mashati mlangoni. Majina mawili uliyoyataja, Mpenda Ramani, utayasikia yote ndani ya boti moja, na hakuna aliyegombana na mwenziwe nilipokuwapo.

#3 Kiboko Mpole
Mpenda Ramani hajawahi kuanzisha uzi bila kuwashtaki waandishi wa makala. Tunasubiri ushahidi, mkuu, si dai peke yake.

#4 Mwalimu wa Jioni
Ushahidi upo, na sehemu ya pili ya dai lake ina nguvu kuliko ya kwanza. Mahavamsa, kitabu cha kale cha tarehe za Sri Lanka kilichoandikwa kwa Kipali, kinasimulia kwamba Buddha alikwenda Nagadipa mwaka wa 5 baada ya kupata nuru ili kuwapatanisha wafalme wawili wa Wanaga, yaani watu-nyoka wa hekaya, Mahodara na mpwa wake Chulodara, waliokuwa tayari kupigana kwa ajili ya kiti cha enzi kilichopambwa kwa vito. Waumini wanaamini jambo hilo lilitokea Nainativu, ndiyo maana wanakwenda kuhiji.

Hata hivyo, mwaka 1936 iliokotwa bamba ndogo ya dhahabu huko Vallipuram, upande wa kaskazini-mashariki wa Rasi ya Jaffna. Maandishi yake ni ya enzi za mfalme Vasabha, mnamo karne ya 2 baada ya Kristo, nayo yanasema kwamba waziri wake aitwaye Isigiraya alikuwa akiitawala Nakadiva. Sasa jiulizeni: je, waziri mzima angepewa kutawala kisiwa cha kilomita za mraba zisizofika 5? Wanahistoria wengi wanahitimisha kwamba Nakadiva, yaani Nagadipa, ilikuwa jina la rasi nzima ya Jaffna pamoja na visiwa vyake. Jina lilianza likiwa pana, kisha likajikunja hadi likabaki kwenye kisiwa kidogo chenye hekalu.

#5 Binti Muscat
Ahsante, Mwalimu. Niongeze upande ambao husikika mara chache kwenye mijadala ya namna hii. Hapa Muscat ninafanya kazi na Wasinhala wawili, mmoja wa Kandy na mwingine wa Galle. Kwao Nagadipa ni mojawapo ya sehemu 16 takatifu za Wabudha wa Sri Lanka, na tangu utotoni walifundishwa kuzitaja sehemu hizo kwa mpangilio. Niliwapelekea hoja ya bamba la Vallipuram. Wa Kandy alijibu kwamba hata kama jina lilikuwa la rasi nzima, hilo halizuii kisiwa kuwa ndani ya rasi hiyo, na Buddha alipaswa kushuka mahali fulani. Jibu hilo nimelitafuta kasoro, nimekosa.

#6 Mpenda Ramani
Binti Muscat, kasoro ni kwamba bamba liliokotwa Vallipuram, si Nainativu, nalo linataja kujengwa kwa hekalu la Kibudha mahali paitwapo Badakara atana. Hekalu la Kibudha lililopo Nainativu leo ni jengo la karne ya 20. Kati ya bamba na jengo hilo kuna zaidi ya miaka 1,700.

#7 Mwalimu wa Jioni
Usikimbie sana. Umri wa jengo la leo hautuelezi umri wa ibada, na hekalu la Amman vilevile ni jengo jipya kuliko ibada yake. Wareno walipoiteka Jaffna mwaka 1619 mahekalu mengi yalibomolewa, na wenyeji wa Nainativu wanasimulia kwamba lao halikusalimika. Lililopo sasa lilianza kusimamishwa karne ya 18. Tukipima kwa matofali, pande zote mbili zitashindwa.

Kuna na shahidi wa tatu. Ptolemy, mwanajiografia wa Aleksandria wa karne ya 2, aliitaja Nagadiba katika orodha yake ya visiwa vilivyo mbele ya Taprobane, jina ambalo Wagiriki waliipa Sri Lanka. Yeye aliandika kisiwa, hakuandika rasi.

#8 Kiboko Mpole
Ptolemy huyohuyo aliyechora Taprobane ikiwa kubwa mara nyingi kuliko ilivyo. Shahidi wako ana macho ya darubini, Mwalimu.

#9 Jirani wa Scarborough
Nimesoma yote, na nashangaa kwamba hadi sasa hakuna aliyemuuliza Mtamil. Ninaishi Scarborough, Toronto, ambako Watamil wa Jaffna ni wengi mno, na mzee wa nyumba ya pili kutoka kwangu alizaliwa Punkudutivu, kisiwa ambacho Baharia Mstaafu ameeleza kwamba ndiko boti linakoondokea. Nilimuuliza jana jioni. Alisema kwamba jina kamili ni Nayinativu, lenye "yi" inayosikika, na kwamba linatokana na "nayinar", neno la Kitamil la heshima lenye maana ya bwana au mheshimiwa. Kwa maelezo yake, nayinar alikuwa mtumishi mkuu wa hekalu aliyetoka bara, na kisiwa kikaitwa kwa cheo chake. Nilipomtajia Nagadipa alikunja uso kidogo, kisha akasema hilo ni jina la wageni.

#10 Mpenda Ramani
Ndugu yangu wa Scarborough umeniletea zawadi. Neno "nayinar" limeenea sana kusini mwa India. Watamil wa dini ya Kijaini hulitumia kama jina la ukoo mpaka leo. Tena ng'ambo ya pili ya mlangobahari, katika wilaya ya Ramanathapuram, upo mji uitwao Nayinarkoil, yaani hekalu la nayinar. Kwa hiyo tunalo jina la aina hiyohiyo, upande wa pili wa maji yaleyale, lisilohusiana na nyoka hata chembe.

#11 Mfuatiliaji wa Lugha
Lisilohusiana na nyoka hata chembe? Mkuu, hekalu la Nayinarkoil ni la Naganatha, maana yake Bwana wa Wanaga. Umetuletea mji ambamo nayinar na naga wanalala chumba kimoja.

Nieleze hoja za kiisimu kwa ufupi, maana zote mbili zina shida. Kwanza, Kitamil hakina sababu ya kuigeuza "naga" kuwa "naina". Mji wa Nagercoil ulioko ncha ya kusini ya India, uliopewa jina la hekalu la Nagaraja, umekaa na sauti yake ya "g" hadi leo. Kwa hiyo mwenye kusema kwamba ndimi za Kitamil ziliitafuna "g" anapaswa kueleza kwa nini ziliitafuna huko Jaffna na kuiacha salama huko Nagercoil.

Pili, Kisinhala ndicho kilichoitafuna. Swila kwa Kisinhala cha leo ni "naya", na wakiwa wengi ni "nayi". Inawezekana basi kwamba watu wa kale wa kisiwa walikuwa na umbo lililokwisha laini kama "nayi", na Watamil wakalipokea hivyo na kuongeza "tivu". Tatizo ni silabi "na" iliyobaki katikati: Nayi-na-tivu. Nadharia ya nyoka haina pa kuiweka silabi hiyo, ilhali nadharia ya nayinar inaieleza vizuri, kwa kuwa inatosha "r" ya mwisho kudondoka mbele ya "tivu".

Tatu, "tivu" na "dipa" asili yao ni moja, Kisanskriti "dvipa". Mkia wa jina hauna ugomvi. Ugomvi upo kichwani.

#12 Binti Muscat
Kwa hiyo nayinar wa kisiwa anaweza kuwa si mtu bali mungu mwenyewe, Bwana wa Wanaga, kama kule Nayinarkoil? Ikiwa ndivyo, majina mawili ya Mpenda Ramani yanakuwa na asili moja tena, ingawa kwa mlango wa nyuma.

#13 Mpenda Ramani
Hapana, kwa sababu anayeabudiwa huko Nainativu ni mungu wa kike. Nayinar ni cheo cha mwanamume.

#14 Jirani wa Scarborough
Mzee wangu atacheka akisoma hayo, maana mungu wa kike wa Nainativu anaitwa Nagapushani, yaani aliyejipamba kwa swila. Nyoka hukwepeki hapo, uingie kwa mlango wowote.

Kisa chao ni hiki. Swila alikuwa akivuka bahari kutoka kisiwa cha Puliyantivu akiwa na ua la yungiyungi kinywani, akilipeleka kwa Amman, tai akamwona. Swila akajizungusha kwenye jiwe baharini, tai akatua kwenye jiwe la pili akimvizia. Mfanyabiashara mmoja aitwaye Manikan, aliyekuwa akisafiri kutoka nchi ya Wachola, ufalme wa kale wa kusini mwa India, kuja kufanya biashara, akamsihi tai amwachilie swila. Tai akakubali kwa sharti kwamba Manikan amjengee Amman hekalu zuri. Mawe hayo mawili yapo hadi leo karibu na ufuo, moja linaitwa la swila na jingine la tai. Waumini husema pia kwamba furungu za mungu wa kike Sati ziliangukia hapo mwili wake ulipokatwa vipandevipande, na kwa sababu hiyo hekalu huhesabiwa miongoni mwa vituo vikuu vya ibada ya mungu wa kike.

#15 Kiboko Mpole
Nami niweke nadharia yangu mezani. "Nayana" kwa Kisanskriti ni jicho. Ukikitazama kisiwa kwenye picha ya setilaiti, kimekaa kama jicho. Mjadala umefungwa.

#16 Mfuatiliaji wa Lugha
Wakazi wa kale hawakuwa na setilaiti, Kiboko. Uwanda huo hauna hata kilima cha kupanda ili mtu aone umbo la kisiwa chake.

#17 Mkusanya Stempu
Naomba tusilisahau jina la tatu. Waholanzi waliitwaa Jaffna kutoka kwa Wareno mwaka 1658, na Kampuni yao ya India ya Mashariki ikavipa visiwa majina ya miji ya kwao iliyokuwa na ofisi za kampuni: Karaitivu ikawa Amsterdam, Velanai ikawa Leiden, Punkudutivu ikawa Middelburg, Analaitivu ikawa Rotterdam, Neduntivu ikawa Delft na Nainativu ikawa Haarlem. Hapa hakuna fumbo lolote, ni makarani waliokuwa na ramani tupu na hamu ya nyumbani.

#18 Mwalimu wa Jioni
Sahihisho dogo. Kampuni ile ilikuwa na ofisi sita: Amsterdam, Middelburg, Rotterdam, Delft, Hoorn na Enkhuizen. Leiden na Haarlem hazimo. Orodha yako basi inaeleza visiwa vinne na kuviacha viwili, na kisiwa chetu ni mojawapo ya vilivyoachwa. Mimi nadhani majina ya ofisi yalitolewa kwanza, kisha makarani wakaendelea na miji mingine ya Uholanzi ya magharibi iliyowajia akilini.

Linalonishangaza zaidi ni kwamba Delft peke yake ndilo lililodumu sawasawa. Hakuna anayesema Haarlem leo akimaanisha Nainativu, lakini Delft ipo kwenye ramani, kwenye ratiba za boti na katika nyaraka za serikali.

#19 Baharia Mstaafu
Sababu yake ni farasi na ngome. Neduntivu, maana yake kisiwa kirefu, ni kikubwa mara kadhaa kuliko Nainativu, kina malisho, na Wareno walikiita Kisiwa cha Ng'ombe. Wazungu walifuga farasi huko, na vizazi vya farasi hao vinazurura hadi leo bila mwenyewe. Mahali penye mali ya serikali jina la serikali hukaa. Nainativu palikuwa na mahujaji, na hujaji hamuulizi karani jina la anakokwenda.

#20 Mwana wa Shela
Baharia amenikumbusha jambo linalotuhusu sisi wa pwani hii. Hapo Delft upo mbuyu, mkubwa, wenye uwazi ndani ambamo watu wazima wanaweza kuingia na kusimama. Upo na mwingine maarufu Mannar, kusini zaidi. Mbuyu wa aina hiyo asili yake ni Afrika. Wenyeji husema uliletwa na wafanyabiashara wa Kiarabu, wengine husema mabaharia wa Kireno. Iwapo mti wetu ulifika, kwa nini tusidhani kwamba na maneno yetu yalifika? Huenda jina la mojawapo ya visiwa hivi lina asili ya Pwani.

#21 Mfuatiliaji wa Lugha
Mwana wa Shela, mti husafiri kwa mbegu mfukoni, jina la kisiwa huhitaji watu wa kulitamka kwa vizazi. Majina yote ya pale yaliyokwisha fasiriwa yanafasirika kwa Kitamil: Neduntivu ni kirefu, Iranaitivu ni visiwa pacha. Kuhusu mbuyu nakubali. Utafiti wa vinasaba uliotolewa mwaka 2015 ulionyesha kwamba mibuyu ya Bara Hindi ilitoka Afrika Bara, tena kwa awamu zaidi ya moja, kwa hiyo Waarabu na Wareno wanaweza wote wawili kuwa na haki, na kabla yao wengine.

#22 Mwana wa Shela
Nakubali kwa shingo upande. Ila mkumbuke kwamba Ibn Battuta alipita Mombasa na Kilwa mwaka 1331, na mwaka 1344 alikuwa Sri Lanka akipokelewa na mfalme wa Jaffna katika mji aliouita Battala, ambao wengi huona ni Puttalam ya leo. Bahari ilikuwa moja na pepo zilikuwa zilezile.

#23 Baharia Mstaafu
Pepo ni zilezile lakini kazi zake ni tofauti, na hili watu wa Pwani hulikosea. Kaskazi hutufikia sisi ikiwa kavu, ndiyo inayoleta joto la Januari. Kule Jaffna upepo huohuo wa kaskazini-mashariki hupita kwanza juu ya Ghuba ya Bengal, hubeba maji, na kuyamwaga. Mvua zao kubwa ni za Oktoba hadi Desemba. Kusi ndiyo inayowakausha, kwa kuwa inapowafikia imekwisha kumwaga mvua yake kusini-magharibi mwa nchi na kwenye milima ya kati.

Mvua hizo za miezi michache ndizo zinazokilisha kisiwa mwaka mzima. Nainativu hakuna mto. Ardhi ni mawe ya chokaa yenye vinyweleo, maji ya mvua huzama na kukaa kama tabaka jembamba juu ya maji ya chumvi yaliyo chini yake. Nilichota kwenye kisima kimoja karibu na hekalu, nikaonja, yakawa ya chumvichumvi, na mwenye nyumba akanielekeza kisima kingine hatua chache tu kutoka hapo ambacho maji yake yalinyweka. Ukichota kwa pampu kupita kiasi, chumvi hupanda. Ndiyo sababu mti unaotawala ni mvumo, unaostahimili ukame na chumvi, na kila sehemu yake ina kazi, kuanzia utomvu hadi makuti.

#24 Mpenda Ramani
Ahsante kwa maelezo hayo, Baharia. Naomba turudi kwenye jina. Kuna aliyesoma lile jiwe la maandishi lililopo kwenye uwanja wa hekalu la Amman?

#25 Mwalimu wa Jioni
Jiwe hilo ni la mfalme Parakramabahu I wa Polonnaruwa, mji mkuu wa kale wa Sri Lanka, aliyetawala kuanzia mwaka 1153 hadi 1186. Linaamuru kwamba wageni washukie Uratturai, yaani bandari ya Kayts ya leo kwenye kisiwa cha Velanai, na walindwe. Kisha linaweka sheria ya majahazi yanayovunjika: yaliyoleta tembo na farasi, robo ya mali iende hazina na robo tatu zibaki kwa mwenyewe, yaliyoleta bidhaa nyingine, nusu kwa nusu. Farasi walitoka Uarabuni na Uajemi, na kwa kiwango hicho cha robo inaonekana mfalme aliwahitaji kuliko alivyohitaji kodi.

Kwa mjadala wetu, jambo kubwa ni kwamba mfalme alikuwa Msinhala lakini amri imechongwa kwa Kitamil. Maana yake, katika karne ya 12 watu waliotakiwa kuisoma kwenye visiwa hivi, wenyeji na wafanyabiashara, walikuwa wasomaji wa Kitamil. Jina lenye umbo la Kitamil basi linaweza kuwa na umri mkubwa kuliko wanavyodhani wanaosema limeletwa majuzi.

#26 Binti Muscat
Au inaonyesha tu kwamba Kitamil kilikuwa lugha ya bandari. Mfalme akitaka wafanyabiashara wamwelewe, anaandika kwa lugha ya wafanyabiashara, hata kama mkulima wa jirani anaongea lugha nyingine.

#27 Mfuatiliaji wa Lugha
Hoja hiyo ni nzuri na haijibiki kwa jiwe moja. Niongeze utata mwingine. Katika Manimekalai, utenzi wa kale wa Kitamil unaosifu dini ya Buddha, binti wa hadithi huchukuliwa usiku hadi kisiwa cha Manipallavam, umbali wa yojana 30 (kipimo cha kale cha umbali cha Kihindi) kusini mwa bandari ya Puhar, ambako anakuta kiti kitakatifu cha Buddha. Kisa cha wafalme wawili wa Wanaga waliogombania kiti kimo humo pia. Wapo wanaoamini Manipallavam ni Nainativu, wapo wanaoiweka Karaitivu, na wapo wanaosema ni rasi yote. Ikiwa wa kwanza wana haki, kisiwa hiki kina jina la nne ambalo halina nyoka wala nayinar.

#28 Kiboko Mpole
Tulianza na majina matatu, sasa ni manne. Mtu asifungue ramani nyingine.

#29 Mkusanya Stempu
La tano halipo, ila nina mfano wa jinsi jina la kisiwa linavyoweza kubadilika bila vita wala dini. Karaitivu, ile Amsterdam ya Waholanzi, rasmi inaitwa Karainagar tangu miaka ya 1920, kwa kuwa kulikuwa na Karaitivu nyingine upande wa mashariki wa nchi na watu walikuwa wakizichanganya. "Kisiwa" kikaondolewa, ukawekwa "mji". Mtu wa miaka 500 ijayo akilikuta jina hilo atatunga nadharia ndefu sana.

#30 Mwalimu wa Jioni
Serikali nayo haijachagua upande. Mradi wa umeme wa jua na upepo kwa visiwa vitatu, ambao mwaka 2021 ulipewa kampuni ya China, India ikalalamika, na mwaka 2024 ukakabidhiwa kampuni ya India kwa msaada wa nchi hiyo, huandikwa kuwa ni wa Delft, Nainativu na Analaitivu. Kimoja kwa Kiholanzi, viwili kwa Kitamil, katika mstari mmoja.

#31 Jirani wa Scarborough
Nimerudi kwa mzee na swali la Binti Muscat la #12, kama nayinar ni mtu au mungu. Alifikiri kidogo akasema kwamba bibi yake alimwambia ni mtu, lakini mke wake, ambaye ni mzaliwa wa Analaitivu, akadakia kutoka jikoni kwamba kwao walifundishwa ni mungu. Wamebishana kwa Kitamil kwa muda mrefu, nami nimeondoka nikiwaacha hapo. Mfuatiliaji wa Lugha, je, kuna maandishi yoyote ya kabla ya Wareno yanayoandika jina hilo likiwa bado na "r"?

#32 Mfuatiliaji wa Lugha
Hilo ndilo la kutafuta. Jiwe likipatikana lenye "Nayinartivu", Mpenda Ramani anashinda sehemu ya kwanza ya dai lake. Likipatikana lenye "Nagativu", anunue kahawa.

#33 Mpenda Ramani
Kahawa nitanunua kwa Kiboko Mpole peke yake, kwa ajili ya lile jicho.